Leo Mimi Ndio Mama

Siku mchezo ulipoanza, Akeyo wa jirani alikuwa amepelekwa Gilgil kwa shangazi yake, na kalongo, ule mchezo wa kupikapika, haichezwi na mtu mmoja. Hilo kila mtoto wa Kiamunyi analijua. Ukiwa peke yako utasonga ugali wa matope, utakatakata majani yawe sukuma, halafu umpakulie nani? Wamuyu alikaa kando ya mikebe yake nyuma ya nyumba, akanuna mpaka akachoka kununa, kisha akamgeukia mama yake aliyekuwa anafua.

"Mama, kuja tucheze."

"Nina nguo huku, Mami. Kwani huoni?"

"Utafua baadaye. Leo mimi ndio mama. Wewe ni mtoto."

Waithera akacheka. Akapangusa povu mikononi, akachuchumaa mbele ya mikebe. Hakukuwa na ubaya wowote. Mzazi gani hajawahi kula ugali wa matope?

Lakini hapa lazima mgeni aelezwe jambo. Waithera alimwita binti yake "Mami" kwa sababu mtoto huyo alibeba jina la nyanya yake, yaani mama mzazi wa Waithera. Ndivyo Wakikuyu wanavyofanya: binti wa kwanza hupewa jina la mama wa baba, wa pili jina la mama wa mama. Binti wa kwanza wa nyumba hii alikuwa shule ya bweni, na jina lake lilitoka upande wa Ngigi, mumewe Waithera. Huyu wa pili, mwenye miaka saba na pengo la meno ya mbele, ndiye alikuwa Wamuyu. Wamuyu mkubwa alikuwa kwake Mai Mahiu, kwenye kishamba chake, mpaka mwezi wa nne alipozikwa.

Siku ya mazishi, kila shangazi aliyemshika Waithera mkono alimwambia neno lile lile: "Usijimalize na machozi. Mama yako si huyu hapa?" Wakamsukuma mtoto mbele, na soksi zake nyeupe, watu wakamwamkia kama mzee. Ni maneno ya kutuliza tu, watu huyasema kisha wakaenda kupanga foleni ya chakula. Shida ni kwamba Waithera aliyachukua, akayaweka moyoni, akayafungia humo.

"Kaa vizuri," Wamuyu akasema, mwiko mkononi. "Ingiza mguu ndani. Wewe Waithera, nani alikufundisha kukaa hivyo?"

Waithera akashtuka, kisha akaangua kicheko. Sauti ilikuwa ya mtoto, lakini maneno yalikuwa ya marehemu, hata ule mdomo uliokunjwa upande mmoja. Mtoto alikuwa akipelekwa Mai Mahiu kila likizo, angekosaje kuyashika? Kila mtu angeweza kulieleza jambo hilo. Hata hivyo Waithera alihisi nywele za shingoni zikisimama, na ajabu ni kwamba alitaka ziendelee kusimama.

"Nimeshiba, Mami," akasema, akisukuma mkebe.

"Hujashiba. Nani ameshiba na kijiko kimoja? Maliza."

Mtoto akamshika kidevu, akachukua pindo la gauni lake, akampangusa mdomo ambao haukuwa na kitu. Akampangusa taratibu, akipitia pembeni, jinsi mtoto mdogo anavyopanguswa. Waithera alikuwa mama wa watoto wawili. Hakukumbuka mara ya mwisho mtu kumpangusa mdomo.

Nguo zilikaa majini mpaka maji yakapoa.

*

Waithera alifanya kazi Kikopey, kwenye bucha mojawapo ya zile za nyama choma kando ya barabara kuu. Ukishuka tu kwenye gari, watu wenye makoti meupe wanakuvuta huku na huku. Boss, ingia hapa! Mathe, mbavu ziko tayari! Yeye alikuwa wa ndani: ugali, kachumbari, meza za kupanguswa. Na kazi hiyo Jumapili haina huruma.

Ilikuwa Jumapili, mama yake akiwa bado hai, Gathogo alipompigia simu. Gathogo ni kaka yake mkubwa. "Mama anaita watoto wote," alisema. Mzee akiita watoto wote kwa pamoja, jambo hilo halihitaji kuelezwa. Waithera alivua aproni, akamwendea mwenye bucha, naye mwenye bucha hata hakuinua macho kutoka kwenye nyama aliyokuwa anakata. "Toka sasa hivi uone kama utarudi," akamwambia. Ngigi wakati huo hakuwa na kazi. Waithera akavaa aproni tena, akamwambia Gathogo atafika jioni.

Alifika jioni. Mama yake alikuwa ameshafunikwa.

Wenzake walikuwa wamebarikiwa. Kwao baraka ya mzazi haisemwi hewani tu. Mzee anakushika mikono, anakutemea mate kidogo viganjani, anakutamkia mema, nawe unajipaka kifuani yasidondoke. Gathogo alipata. Mke wa Gathogo alipata, na huyo ni mtu wa kuja! Siku mbili kabla yake mzee alikuwa amegawa vitu vyake vyote, kuku, jiko, hata ndoo. Waithera aliambiwa tu kwamba mama aliuliza, akauliza tena, "Waithera amefika?" Kisha hakuuliza.

Hakuna aliyemlaumu. Afadhali wangemlaumu, basi angepata wa kugombana naye. Kile alichotaka kujua hakuna kaka wala shangazi angeweza kumwambia: mama yake aliondoka na kinyongo naye, au vipi? Alipika ugali na swali hilo, akapangusa meza nalo, akalala nalo. Alikuwa na hamu ya mama yake mpaka mwili ukamuuma, hasa mikono.

Ndiyo maana Jumamosi iliyofuata ule mchezo wa kwanza, Akeyo alipokuwa amesharudi kutoka Gilgil na anaita uani, ni Waithera aliyesema, "Mwambie atakuja baadaye. Kuja tucheze ile yetu, Mami."

Wamuyu alifurahi. Mtoto gani hatafurahi mama yake akimwomba mchezo?

Walicheza ndani safari hii. Mtoto alikaa kwenye kiti cha Ngigi, akajifunga kichwani leso ya Shosho, marehemu nyanya yake. Waithera alikaa mkekani. Walikula, wakaulizana habari za mahindi, mtoto akamkanya mtoto wake kuhusu kutembea bila sweta. Kisha Waithera akauliza, na sauti yake mwenyewe ikamponyoka:

"Mami, ulinikasirikia?"

"Lini?"

"Ile siku uliniita nikakosa kuja."

Wamuyu akafikiri. Akautazama uso wa mama yake, akaona kuna jibu moja tu linalotakiwa pale.

"Sikukasirika," akasema. "Leta mikono."

Hakuna aliyemfundisha. Alikuwa amefanyiwa mara nyingi, langoni Mai Mahiu, kila likizo ikiisha. Akavishika viganja vya mama yake, akavitemea mate kidogo, akasema kwa Kikuyu maneno aliyoyajua kwa masikio tu: uende salama, ulale salama, uzae, upate. Waithera akajipaka kifuani mara mbili, tatu. Akalia mpaka kamasi zikamtoka.

"Nimefanya vibaya?" mtoto akauliza.

"Umefanya vizuri, Mami. Umefanya vizuri sana, aki."

*

Wiki ile Ngigi alipata kazi ya kupaka rangi nyumba nzima, nyumba mpya ya ghorofa. Waithera alijua anachokijua.

Ikawa basi kabla ya kwenda kazini anyooshe mikono. Mwanzoni mtoto aliona raha. Alifanya mbio mbio, mkate mdomoni, begi mgongoni. Halafu akaanza kuelewa, kwa ile akili ya watoto ambayo wakubwa huisahau, kwamba ameshika kitu.

"Osha vyombo, Mami."

"Mimi sioshi. Shosho haoshi vyombo."

"Wamuyu, usinichezee!"

"Basi leo sikubariki."

Waithera alipaswa kumchapa kidogo makalioni na kumwonyesha sinki. Badala yake aliosha vyombo mwenyewe. Na asubuhi, alipogombeza kuhusu soksi zilizopotea, mtoto alifunga mikono kifuani akakataa kabisa.

Ngigi aliwakuta hivyo. Alikuwa amerudi kuchukua brashi aliyoisahau. Mkewe alikuwa amepiga magoti sakafuni jikoni, amenyoosha viganja, na yule mtoto amekaa juu ya kigoda akiangalia pembeni.

"Tafadhali, Mami. Kidogo tu. Nachelewa."

"Hapana. Umenipigia kelele."

"Sitarudia. Nisamehe."

"Ni nini hii?" Ngigi akauliza.

Waithera akaruka wima, akajipangusa magoti. "Tunacheza."

"Nani anacheza? Wewe unalia."

Akamtazama mtoto, akitarajia kumkuta anacheka utundu wake. Wamuyu hakuwa anacheka. Alikuwa anamtazama baba yake kana kwamba amepotea njia na sasa ameona mtu wa kumuuliza.

"Enda shule," Ngigi akamwambia kwa upole. Mlango ulipofungwa akamgeukia mkewe. "Waithera, huyo ni mtoto. Tulimpa jina, hatukumpa kazi."

"Wewe mama yako yuko hai. Unampigia simu ukitaka. Usinifundishe."

"Sikufundishi. Nakuambia hata hachezi nje siku hizi. Umeona?"

"Anasoma."

"Gredi ya pili, anasoma nini mpaka mgongo unakunjika hivyo? Anatembea kama mzee!"

Waithera alichukua begi lake akaenda kazini bila baraka, na mchana kutwa alisubiri kitu kibaya. Alivunja sahani. Alijikata kidole akimenya vitunguu. Mteja mmoja alimwita mjinga mbele ya watu kwa sababu kachumbari ilikuwa na pilipili. Jioni alimletea mtoto peremende, akampa kwa mikono miwili, jinsi mkubwa anavyopewa kitu.

*

Nangila, mama yake Akeyo, ni mtu wa maneno mengi na moyo mzuri, na mtu wa aina hiyo akija kwako akiwa kimya, keti chini. Alikuja Jumamosi mchana. Waithera alikuwa na siku ya mapumziko, yuko nje anaanika mahindi. Nangila alikuwa amebeba mfuko wa karatasi.

"Sasa, Mama Wamuyu. Sitaki ionekane tunakula vitu vya watu," akasema. "Akeyo amekuja na hivi. Nimemuuliza ameviiba wapi, ameapa hakuiba. Anasema amepewa."

Ndani ya mfuko kulikuwa na viatu vya shule vya Wamuyu, kamba yake ya kuruka, na ile mikebe ya kalongo imewekwa mmoja ndani ya mwingine.

"Amepewa kwa nini?"

Nangila akatazama chini. "Ati Wamuyu amesema hatavihitaji tena. Ati anagawa." Akashusha sauti. "Dada, kuna shida hapa ndani? Mimi si mtu wa kutangaza."

Waithera hakuchukua mfuko. Aliingia ndani na vumbi la mahindi mikononi, akapita sebuleni, akasimama kwenye mlango wa chumba.

Mtoto alikuwa amelala kitandani chali, amejifunika shuka mpaka kidevuni, leso kichwani. Mikono ilikuwa nje ya shuka, imenyooshwa kila upande. Macho yalikuwa yamefungwa, na kope zilikuwa zinatetemeka kwa jitihada ya kuyafunga.

"Waithera," akaita taratibu. "Waithera amefika?"

Waithera akashika mwimo wa mlango. Hilo ndilo neno aliloambiwa na Gathogo, neno alilolisikia kichwani kila akipangusa meza, akalirudia kila akilia mbele ya mtoto, na sasa linatoka kitandani, nyumbani kwake, kwa sauti nyembamba. Kwa muda mfupi, tusimfiche, alitaka kuingia mchezoni, yeye awe mtoto, aketi pale kitandani, aseme nimefika, Mami, na yote yaende sawa safari hii.

"Nimefika," akasema kutoka mlangoni.

"Umechelewa."

"Wamuyu. Kwa nini umepeana viatu?"

"Shosho alipeana vitu." Macho bado yamefungwa. "Alipeana kuku, akapeana jiko. Halafu akaita watu, halafu akawabariki. Halafu akakufa. Mimi nimepeana, na nimekuita. Nikishakubariki, ndio nakufa?"

"Nani amekuambia utakufa?"

"Wewe unasema mimi ni yeye."

Waithera akapiga hatua moja ndani.

"Na ukilia unasema mimi ndio niko, hakuna mwingine," mtoto akaendelea, na sasa machozi yalikuwa yanapita pembeni kuelekea masikioni, lakini alikuwa bado amelala chali, bado anafanya kazi yake vizuri. "Mama, mimi sitaki. Nataka kwenda gredi ya tatu."

Woi! Waithera hakukumbuka baadaye alivyofika kitandani. Aliivuta ile shuka, akaitupa, akaichomoa leso kichwani mwa mtoto, akambeba mzima mzima ingawa alikuwa mrefu sasa na miguu inaning'inia. Mtoto alikuwa wa moto na ananuka jasho na peremende. Alikuwa mwepesi. Alikuwa mtoto, mtoto tu, na alitetemeka mwili mzima.

"Wewe si yeye. Unanisikia? Una jina lake, basi. Shosho alikuwa mzee, alikuwa mgonjwa, akafa. Wewe una miaka saba. Utaenda gredi ya tatu, utaenda ya nne, mpaka uchoke na shule."

"Na baraka?"

"Sitaki tena."

"Nani atakupea?"

Swali hilo Waithera alikuwa amelikimbia tangu mwezi wa nne. Likamfikia pale pale, amemshika mtoto, hana pa kukimbilia.

"Hakuna," akasema. "Aliyekuwa anipe ameenda."

"Utalia?"

"Nitalia. Lakini wewe hutaninyamazisha. Hiyo si kazi ya mtoto."

Wamuyu akayapima maneno hayo. Kisha akauliza, uso ukiwa shingoni kwa Waithera, "Sasa mama yangu ni nani?"

"Ni mimi."

"Hukuwa unakuwa mama."

"Najua. Nisamehe, mtoto wangu." Akasita, kwa sababu alijisikia akiomba tena, akibandika tena mzigo. "Hapana, usinisamehe. Kaa tu hapa."

Wakakaa. Nje Nangila aliwafukuza kuku wasile mahindi, akikohoa kwa nguvu ili ijulikane kwamba hasikilizi.

*

Viatu vilirudi miguuni. Kamba nayo ilirudi, baada ya Akeyo kulia sana na Nangila kumuuliza ni urithi gani huo, na mwenyewe yuko hai. Leso ya Shosho ilifuliwa, ikakunjwa, ikawekwa juu ya kabati mahali mtoto hafiki. Gathogo alipopiga simu na kuuliza, kama desturi, "Mama yetu hajambo?" Waithera alimjibu kwamba mama yao alikufa, na hapa kuna mtoto mmoja anaitwa Wamuyu, ana homa ya mafua. Gathogo akasema, "Haya basi."

Haikuwa rahisi, nani adanganye? Asubuhi, kabla ya kutoka, mikono ya Waithera ilikuwa inataka kunyooka yenyewe, akaipa kazi ya kufunga vifungo vya sweta la mtoto. Alikwenda Kikopey hivyo hivyo, mikono mitupu. Siku nyingine zilikuwa nzuri na nyingine mbaya. Kazi ya Ngigi kwenye ile ghorofa iliisha, akapata nyingine ndogo. Hamu ya mama yake haikupungua hata kidogo. Ilikaa naye tu, na hakuwa na wa kumwonyesha.

Jumamosi moja Waithera alipika chapati na maharagwe, kitu ambacho Wamuyu angekikimbilia hata akiwa amelala. Akatoka mpaka langoni.

"Wamuyu! Chakula!"

"Bado kidogo!"

Walikuwa uani kwa Nangila, watoto sita au saba. Akaita tena. Hakujibiwa. Akasogea mpaka kwenye ua wa michongoma, akachungulia. Akeyo ndiye alikuwa mama. Alikuwa amemfunga Wamuyu mgongoni kwa kipande cha shuka, na kwa kuwa walilingana kimo, miguu ya mtoto mchanga huyo ilikuwa inaburura vumbi. Wamuyu alikuwa anacheka kwa pengo lake lote. Alikuwa analia "ngaa, ngaa" kisha anacheka tena.

"Wamuyu! Waaaa-muyu! Chapati zinapoa!"

Mtoto hata hakugeuza kichwa.

Waithera akasimama pale na mwiko mkononi. Ameita mara tatu, na mtoto wake hakuja. Akangoja hasira impande. Haikupanda. Akaitafuta, akapapasa moyo wake wote kutafuta kinyongo, hata kidogo, hata cha kugombeza nacho kwa mzaha, akakosa. Alichokuta humo ni kwamba anataka sana kumwona, basi. Kama mtu angepita wakati ule, Waithera angemuuliza tu, "Wamuyu amefika?"

Akaziba mdomo kwa mkono wenye unga. Kumbe ni hivyo tu! Kumbe mama akiita na mtoto asije, ni hivi tu anavyojisikia!

Alilia pale pale nyuma ya ua, kwa sauti ndogo, asiwakatize mchezo. Kisha akarudi ndani, akapakua sahani ya mtoto, akaifunika kwa sahani nyingine, akaketi mezani kungoja.